Björn Andrésen: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu kazi yake

Maswali haya huibuka kila mara mtu anapomaliza kutazama filamu ya makala ya mwaka 2021 inayomhusu Björn Andrésen, au anapogundua kuwa yule mzee wa filamu ya kutisha ya Midsommar ndiye kijana wa picha maarufu za mwaka 1971. Nimeyapanga kwa kufuata mwendo wa maisha yake, na nimekaa zaidi pale ambapo waandishi wengi hupita mbio.

Björn Andrésen alikuwa nani?

Mwigizaji na mwanamuziki wa Uswidi. Alizaliwa Stockholm tarehe 26 Januari 1955, akafariki tarehe 25 Oktoba 2025 akiwa na umri wa miaka 70. Jina lake lilisambaa duniani kwa filamu moja, Morte a Venezia, iliyoongozwa na Mwitaliano Luchino Visconti. Humo alicheza nafasi ya Tadzio, mvulana kutoka Poland aliyekwenda likizo Venice na familia yake, na ambaye mtunzi wa muziki mwenye umri mkubwa anashindwa kuacha kumtazama.

Ukisoma taarifa nyingi za kifo chake utadhani alifanya kazi hiyo tu, kisha akapotea. Si kweli. Aliigiza kwa vipindi tofauti kwa karibu miaka 50, akapiga muziki kwa muda mrefu, na mwishoni akashiriki filamu ya makala iliyompa nafasi ya kueleza mwenyewe yaliyompata.

Alilelewa na nani?

Na bibi na babu yake, wazazi wa mama. Hakumjua baba yake. Mama yake alitoweka Björn alipokuwa na umri wa miaka kumi hivi, na baadaye mwili wake ukakutwa msituni, alikuwa amejiua. Nyumbani jambo hilo halikuzungumzwa, na mtoto alikua nalo kimya kimya.

Bibi ndiye aliyekuwa akimpeleka kwenye usaili wa filamu na matangazo. Andrésen alisema zaidi ya mara moja kwamba bibi alitamani mjukuu awe maarufu kuliko mjukuu mwenyewe alivyotamani. Yeye alichopenda ni muziki. Ni vizuri kulishika hili tangu mwanzo, maana linaeleza mengi ya baadaye: huyu hakuwa mtoto aliyeota kuwa nyota wa sinema.

Filamu yake ya kwanza ni ipi?

En kärlekshistoria ya mwaka 1970, filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji Roy Andersson, inayohusu mapenzi ya vijana wawili wa Uswidi. Nafasi yake ilikuwa ndogo. Watu hawamtaji sana kwenye filamu hiyo, ila ni ushahidi kwamba Visconti hakumwokota barabarani kama hadithi zinavyodai. Alikuwa tayari amesimama mbele ya kamera.

Alipataje nafasi ya Tadzio?

Visconti alikuwa anatengeneza filamu kutokana na hadithi ya Thomas Mann iliyochapishwa mwaka 1912. Katika hadithi, Tadzio ni mvulana wa miaka 14 hivi mwenye uzuri unaofananishwa na sanamu za Wagiriki wa kale. Mwongozaji akazunguka nchi za mashariki na kaskazini mwa Ulaya akitazama wavulana, na mapema mwaka 1970 akafika Stockholm. Safari hiyo ilirekodiwa na kutengenezwa kuwa kipindi cha televisheni ya Italia, na ndiyo maana leo tunaweza kuuona usaili wenyewe.

Utazame kwa makini. Mvulana wa miaka 15 anaingia, mrefu, nywele za rangi ya dhahabu zimemfikia shingoni. Visconti ameketi, anauliza umri kwa wasaidizi wake. Anaambiwa ni mkubwa kidogo kuliko walivyotaka. Anasema ni mzuri sana. Kijana anaambiwa atembee, ageuke, atabasamu, aitazame kamera. Kisha anaambiwa avue nguo za juu. Anacheka kile kicheko cha mtoto asiyejua kama amesikia sawasawa, anatazama huku na huku, halafu anavua. Anasimama hapo na nguo ya ndani huku watu wazima wakipiga picha na kuzungumza juu yake kwa lugha asiyoielewa.

Hakuna anayepaza sauti wala anayemshika. Kwa miaka mingi picha hizo zilionyeshwa kama kumbukumbu ya kupendeza ya jinsi msanii mkubwa alivyompata mhusika wake. Ukizitazama leo, unachoona ni chumba kilichojaa watu wazima ambamo hakuna hata mmoja aliyemuuliza mtoto kama yuko radhi.

Tadzio anasema nini kwenye filamu?

Karibu hasemi kitu. Kazi yote ni ya mwendo na macho: anapita mezani hotelini, anageuka ufukweni, anasimama majini na kunyoosha mkono. Dirk Bogarde, aliyecheza nafasi ya Gustav von Aschenbach, yule mtunzi wa muziki, ndiye anayebeba filamu kwa uigizaji, Silvana Mangano ni mama yake Tadzio, na muziki wa Gustav Mahler, ile sehemu ya taratibu ya simfoni yake ya tano, unafanya kazi ambayo maneno yangeifanya.

Andrésen alieleza baadaye kuwa maelekezo aliyopewa yalikuwa machache mno: nenda, simama, geuka, tabasamu. Hata hivyo nadhani wanaosema hakuigiza wanakosea. Kutembea mbele ya kamera mara kwa mara bila kuonekana unatembea kwa ajili ya kamera ni kazi ngumu, na watu wazima wengi hawaiwezi.

Jina la "mvulana mzuri kuliko wote duniani" lilitoka wapi?

Kwa Visconti mwenyewe, wakati filamu ilipozinduliwa London tarehe 1 Machi 1971 mbele ya Malkia Elizabeth wa Pili na binti yake Anne. Magazeti yakalidaka, na kuanzia siku hiyo likamganda.

Miezi michache baadaye filamu ilikwenda kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, ambako Visconti alipewa tuzo maalumu ya kuadhimisha miaka ishirini na tano ya tamasha hilo. Kwenye mkutano na waandishi wa habari, mwongozaji alifanya utani kwa Kifaransa kwamba kijana ameshakua na uzuri ule umeanza kupungua. Ukumbi ukacheka. Andrésen alikuwa ameketi hapo hapo, na Kifaransa hakukielewa. Jioni hiyo, kama alivyosimulia mwenyewe, alipelekwa kwenye klabu ya usiku ya wanaume wapenda wanaume, akajikuta anatazamwa kama chakula mezani. Alikuwa na miaka 16. Alieleza kwamba wakati wa kupiga filamu Visconti aliwakataza watu wa kikosi chake wasimsumbue, na kwamba ulinzi huo ulikwisha kazi ilipokwisha.

Kwa nini Wajapani wanamkumbuka sana?

Kwa sababu huko alipokelewa kama nyota wa muziki. Morte a Venezia ilipofika Japani, wasichana walimsubiri kwa makundi, wengine wakitaka hata kukata kipande cha nywele zake. Alirekodi nyimbo kwa Kijapani na kutokea kwenye matangazo ya chokoleti. Ratiba ilikuwa nzito kiasi kwamba, kwa maelezo yake, alipewa vidonge vya kumwezesha kuihimili.

Jambo lililodumu zaidi lilitokea kwenye karatasi. Mchoraji Riyoko Ikeda, aliyeanza kuchapisha The Rose of Versailles mwaka 1972, alichota kwenye sura ya Andrésen alipomchora Oscar, mhusika wake mkuu. Manga hiyo, yaani hadithi ya katuni ya Kijapani, ikawa moja ya zilizopendwa zaidi nchini humo, na wahusika wembamba, wenye nywele ndefu na macho ya huzuni, wakajaa kwenye vitabu vya wasichana. Miongo mingi baadaye wawili hao wanakutana mbele ya kamera, na Ikeda anazungumza naye kwa heshima. Kwangu hiyo ni moja ya sehemu chache za filamu ya makala ambamo umaarufu ule unaonekana kuwa na tunda jema.

Ni kweli aliishi Paris kwa kutunzwa na matajiri?

Ndiyo, katikati ya miaka ya 1970. Alikwenda kwa ajili ya filamu ambayo haikutengenezwa, akabaki mwaka mzima hivi. Wanaume wenye fedha walimlipia nyumba, chakula na matumizi, wakapenda kuonekana naye kwenye karamu. Mwenyewe alilizungumzia hilo kwa aibu, akisema alikuwa mjinga wa mambo na hakujiuliza kwa nini watu walikuwa wakarimu namna ile.

Baada ya hapo aliacha kuigiza?

Hapana. Alirudi Uswidi na kufanya kazi kama waigizaji wengi wa kawaida wanavyofanya: nafasi ndogo kwenye filamu, vipindi vya televisheni, jukwaa, na muda mrefu bila kazi. Alikuwamo kwenye Smugglarkungen ya mwaka 1985, kwenye tamthilia ya televisheni ya Jordskott ya mwaka 2015, na kwenye Shelley ya mwaka 2016, filamu ya kutisha ya mwongozaji Ali Abbasi.

Hizi si nafasi za kumpa mtu tuzo. Lakini nakasirishwa kidogo na makala zinazoziita "kushindwa". Mtu aliyeanza kwa kutazamwa na malkia, kisha akakubali kuigiza nafasi ya dakika tano kwenye tamthilia ya nyumbani na kuifanya vizuri, hajashindwa. Amefanya kazi.

Na muziki?

Ndio aliouchagua mwenyewe. Alipiga piano na kinanda, na kwa muda alizunguka Uswidi na bendi ya Sven Erics, moja ya zile bendi za dansi ambazo watu wazima huenda kuzicheza kumbi za mikoani mwishoni mwa wiki. Kazi hiyo haina utukufu: safari ndefu za gari, nyimbo zile zile kila usiku, na hakuna aliyefika ukumbini kwa ajili ya uso wa mpiga kinanda. Nadhani hilo la mwisho ndilo lililoifanya imfae.

Kulikuwa na ugomvi gani juu ya jalada la kitabu?

Mwaka 2003 mwandishi Germaine Greer alichapisha kitabu kuhusu uzuri wa wavulana katika sanaa, na jalada likawa na picha ya Andrésen iliyopigwa na David Bailey wakati ule wa ujana. Yeye hakuulizwa. Kisheria mwenye picha ni mpigapicha, na mwandishi alikuwa amewasiliana na mpigapicha. Andrésen alijitokeza gazetini kusema kwamba angeulizwa angekataa, na kwamba mapenzi ya watu wazima kwa vijana wadogo ni jambo analolipinga, kwa kuwa alijua yanavyomvuruga kijana mwenyewe.

Tukio hili huwekwa pembeni kama kisa kidogo. Mimi naliona kubwa. Ilikuwa mara ya kwanza kwa wengi kumsikia akisema wazi, kwa hoja, kwamba uso ule una mwenyewe.

Anafanya nini kwenye Midsommar?

Anacheza nafasi ya Dan, mzee wa jamii ya kidini iliyojitenga huko Uswidi, katika filamu ya Ari Aster ya mwaka 2019. Kwa desturi ya watu hao, mtu akifika miaka 72 maisha yake yamekamilika. Dan na mwanamke wa rika lake wanapandishwa kwenye jabali na kujirusha. Mwanamke anafariki papo hapo. Dan anaangukia miguu, anabaki hai akiugulia, ndipo wenzake wanamponda usoni kwa nyundo kubwa ya mbao.

Nywele ni zile zile ndefu, sasa nyeupe, na ndevu zimefunika mashavu. Anakaa mezani kimya na mara moja anaanza kuimba kwa sauti nyembamba. Wengi walitoka sinema bila kujua wamemtazama nani. Ukijua, tukio la jabali linabadilika kabisa: uso uliouzwa duniani kwa uzuri wake unavunjwavunjwa mbele ya kamera, na safari hii aliyekubali ni mtu mzima aliyesoma mswada na kujua anachoingia.

Filamu ya makala inaitwaje, na nani waliitengeneza?

Kwa Kiswidi inaitwa Världens vackraste pojke, na kimataifa The Most Beautiful Boy in the World. Iliongozwa na Kristina Lindström na Kristian Petri, wote Waswidi, na ikaonyeshwa kwa mara ya kwanza kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, Januari 2021. Lindström alikuwa tayari anajulikana kwa filamu ya makala kuhusu waziri mkuu Olof Palme, aliyoiongoza pamoja na Maud Nycander.

Inaonyesha nini hasa?

Inaanza na mzee aliyekonda, mwenye nywele hadi kifuani na sigara mkononi, akiishi katika nyumba ya kupanga Stockholm anayokaribia kufukuzwa kwa sababu ya uchafu na uzembe wa jiko la gesi. Rafiki yake wa kike anamsaidia kusafisha. Kamera inakaa hapo muda mrefu: makopo, karatasi, vumbi, mtu anayeona haya mbele ya wenye nyumba.

Kisha inasafiri naye. Anarudi Hôtel des Bains kule Lido, kisiwa cha Venice, hoteli iliyotumika kwenye filamu, sasa tupu na imefungwa. Anarudi Japani, anaimba tena moja ya nyimbo zake za ujana. Anarudi Paris. Katikati ya safari hizo anapitia nyaraka za zamani kuhusu kifo cha mama yake, polepole, akisimama kila baada ya mistari michache.

Sehemu nzito kuliko zote inahusu mtoto wake wa kiume, aliyefariki ghafla kitandani kabla hajafikisha mwaka. Andrésen alikuwa amelala karibu naye, amelewa. Madaktari walitaja kifo cha ghafla cha watoto wachanga, ila yeye anasema kwake ugonjwa ulikuwa ukosefu wa upendo, na haachi kujilaumu. Baada ya msiba huo aliingia kwenye huzuni na pombe kwa miaka mingi. Kama umewahi kumpoteza mtoto, jiandae kabla ya kuitazama sehemu hiyo, au iruke.

Je, kushiriki filamu ya makala kunahesabiwa kama uigizaji?

Mswada hakuna, ila kazi ipo. Mshiriki anaamua aseme nini, anyamaze wapi, na mlango gani aufungue kamera ikiwa inarekodi. Andrésen ananyamaza vizuri sana. Anaulizwa swali, anavuta sigara, anatazama dirishani, na waongozaji wana busara ya kumngoja. Majibu yake ni mafupi, makavu, mara nyingi na uchungu uliochanganyika na mzaha. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo kazi yake bora mbele ya kamera, na inasikitisha kwamba ilimbidi afike miaka ya sitini ndipo aachiwe kusema.

Wapo wanaosema filamu hiyo nayo inamtumia. Ni kweli?

Hoja yao ina uzito. Filamu inarudia picha za usaili, inakaa kwenye uso wa yule kijana kwa mwendo wa taratibu, na inafuata maumivu yake hadi ndani kabisa. Kuna nyakati nilitamani kamera isogee nyuma.

Lakini tofauti ni ya msingi. Huyu ni mtu mzima, alikubali, alikaa na waongozaji kwa miaka, na picha za usaili zinaonyeshwa pamoja na sauti yake akieleza zilimfanya ajisikie vipi. Nusu karne zilikuwa zimeonyeshwa bila sauti hiyo.

Andrésen alimsamehe Visconti?

Hakumsamehe, walau si hadharani. Visconti alifariki mwaka 1976, kwa hiyo hawakupata kukutana wakiwa watu wazima wawili. Filamu ya makala ilipotoka, Andrésen aliulizwa na waandishi angemwambia nini, akajibu kwa tusi, na akaongeza kuwa mwongozaji yule hakujali hisia zake hata kidogo. Pamoja na hayo hakukana kwamba Morte a Venezia ni filamu kubwa. Aliyashika yote mawili bila kulegeza lolote.

Mimi nisingemlaumu Visconti peke yake. Bibi alisaini, watayarishaji walilipa, magazeti yaliandika, wasimamizi walimpeleka Cannes na Tokyo, na shule ilimwachia aende. Mtoto asiye na baba, aliyefiwa na mama, alipita mikononi mwa watu wote hao na hakupata hata mmoja wa kusema basi.

Kwa hiyo tuache kutazama Morte a Venezia?

Hapana. Itazame, ni kazi nzuri ya sinema, na Bogarde humo ni wa ajabu. Ila ukimwona Tadzio akigeuka na kutabasamu, kumbuka kuna mwanafunzi wa Stockholm nyuma ya tabasamu hilo, anayesubiri kuambiwa anaweza kwenda.

Nianze na filamu gani?

Kama hujaona yoyote, anza na Morte a Venezia ya mwaka 1971, halafu ya makala, halafu Midsommar ikiwa moyo wako unahimili filamu za kutisha. Si ya kutazama na watoto. Ukianza na ya makala utaelewa haraka zaidi, lakini utaikosa nafasi ya kumwona Tadzio kama watazamaji wa wakati ule walivyomwona, na bila hiyo ni vigumu kupima walichokichukua kwake. En kärlekshistoria inafaa kwa anayependa sinema ya Uswidi kwa jumla. Mtafute kwenye kundi la vijana, hakai muda mrefu kwenye kioo.